Siku Presha Kuka Iliponyamaza

Ikipiga kelele, kaeni. Ikifoka, ikirusha mvuke, ikitingisha kile kizito cha juu ya mfuniko mpaka mgeni aliyekaa mezani aulize kuna nini huko nyuma, endeleeni kumenya vitunguu. Presha kuka inayopiga kelele inapumua. Anzeni kuogopa ikinyamaza na moto bado unawaka.

Nawaandikia ninyi mnaoingia jikoni kwa Mama Skola baada yangu, hapa Kasulu. Watu wanacheka nikisema nimestaafu, kwa kuwa nina miaka thelathini na sita na magoti yangu bado mazima. Lakini miaka kumi na moja mbele ya nyama ya ng'ombe wa huku ni utumishi kamili. Jumatatu naenda Kibondo kufundisha fizikia, kazi niliyoisomea chuo kikuu kisha nikaisubiri muda wote huo. Ajira imetoka, aproni nimeivua. Kabla sijaondoka nataka niwaambie jinsi ya kupata nyama laini na mchuzi mzito, na pia kuhusu siku ambayo Mama Skola alikuwa hatua moja kutoka kwenye sufuria ambayo ingemuua, na aliyemweka pale ni mimi.

Lile doa la kahawia mnaloliona darini juu ya dirisha, mnaloambiwa ni paa linavuja, si paa. Ni mchuzi wangu wa wiki ya kwanza na presha kuka. Nilikuwa na haraka, nikalazimisha mfuniko kabla mvuke haujaisha. Ulinipita sikio kwa upana wa kidole. Mama Skola alitazama juu, akatazama sufuria, akasema, "Mwalimu, wateja wetu wanakula chini." Mwalimu ndilo jina alilonipa, kwa sababu nilikuja na cheti cha ualimu na sikuwa na darasa.

Yeye alianza kupika akiwa msichana kambini, kisha sokoni, kisha hapa. Wazazi wake walivuka kutoka Burundi wakiwa wamembeba mgongoni, na siku alipopata uraia alipika ng'ombe nusu na kuwalisha majirani wote. Njia yake ilikuwa moja: mafiga matatu, kuni za polepole, saa nne mpaka tano. Juu ya nyama aliweka jani la mgomba alilolipitisha kwanza motoni likalegea, akalichomeka pembeni pande zote kama anamfunika mtoto, ndipo akaweka mfuniko, na juu ya mfuniko jiwe.

Nilimuuliza jani ni la nini.

"Linashika mvuke. Mvuke ukitoka, ladha imetoka."

"Nani amethibitisha?"

"Wewe. Jana umeongeza sahani mara mbili."

Mimi nilikuwa mtu wa kuuliza kila kitu. Kwa nini chumvi mwisho, kwa nini ng'ombe wa Kagerankanda ni mgumu kuliko ng'ombe mwingine, kwa nini tusubiri saa tano. Jibu la swali la mwisho nililijua kutoka darasani. Huku milimani maji yanachemka yakiwa na joto pungufu kidogo kuliko pwani. Nyama inakaa ndani ya maji yanayotokota lakini hayajafika joto ambalo yangefika Dar es Salaam. Sufuria iliyofungwa kabisa inazuia mvuke, mvuke unasukuma maji, maji yanapanda joto, na ile mishipa migumu inalainika ndani ya dakika arobaini. Nilikuwa na hakika. Nikaenda gulioni Makere, nikanunua presha kuka kubwa iliyotumika, ya kutosha kilo sita za nyama.

Ilikuwa na kasoro moja. Kwenye mfuniko wa presha kuka kuna matundu mawili. Moja hukaliwa na kizito kinachopiga filimbi. Jingine lina kizibo cha usalama, ambacho hufyatuka chenyewe mambo yakizidi. Aliyekuwa nayo kabla yangu alikuwa amekipoteza kizibo hicho, akapeleka kwa fundi, fundi akakaza bolti. Niliiona. Nilijua maana yake. Nikajiambia nitatafuta kizibo halisi nikipata nafasi ya kwenda Kigoma mjini. Nikapika nayo miezi minne.

Sasa niwape kazi yenyewe, maana najua ndiyo mliyoifuata.

Nyama ikatwe kukatisha nyuzi, si kufuata nyuzi. Ifute maji, kwa kuwa nyama yenye maji haikaangiki, inachemka tu na kupauka. Weka mawese kidogo, yapate moto mpaka harufu ibadilike, kaanga nyama mafungu mafungu mpaka ishike rangi. Rangi ile iliyoganda chini ya sufuria ndiyo mchuzi wenu wa baadaye, msiioshe. Vitunguu vifuate, tangawizi, kitunguu saumu. Maji yafike nusu ya nyama tu, kwa sababu humo ndani hayakauki kama kwenye sufuria ya wazi. Nyanya zisubiri; ukizitanguliza zinashika chini na kuungua na wewe huoni. Usijaze kupita theluthi mbili. Filimbi ikilia mara ya kwanza ndipo uanze kuhesabu, na hapo hapo upunguze moto. Sababu ya kupunguza moto nilijifunza kwa aibu, nitaifikia.

Ikiiva na kupoa, fungua, ongeza nyanya, acha ichemke wazi bila mfuniko mpaka mchuzi ukishika mgongo wa mwiko usidondoke haraka. Mama Skola huponda humo kipande kimoja cha kiazi mviringo. Nilimcheka mwaka mzima kwa kiazi hicho. Leo sipiki bila kiazi.

Siku ninayoisema ilikuwa Jumamosi, siku ya wakwe. Odeta, binti wa Mama Skola, ambaye ninyi mnamjua kama bosi wenu wa kaunta, alikuwa akiposwa na kijana wa Munanila. Wageni walikuwa wafike saa saba mchana nyumbani kwa Mama, pamoja na babu wa kijana, mzee ambaye kila mtu alimwita Sogokuru. Katika familia ile hakuna anayegusa chakula kabla Sogokuru hajameza tonge la kwanza. Na Sogokuru alikuwa amebakiwa na meno matatu, mawili juu na moja chini, na hayakutani.

Kwa hiyo nyama ilipaswa kuwa laini, na ilipaswa kuwahi. Ikachelewa buchani. Ilipofika saa nne, Mama Skola aliibonyeza kwa kidole gumba. Alikuwa ng'ombe mzee.

"Huyu ananizidi umri," alisema. "Saa tatu hazimtoshi. Sogokuru atatafuna kama anatafuna ndala, halafu arudi Munanila aseme amekula kwa Skolastika."

"Nina presha, Mama. Tutapika mara mbili. Saa saba kasoro robo utakuwa unaonja mchuzi."

Alikuwa hajawahi kuitumia mwenyewe. Pale mgahawani niliishika mimi tu, yeye akipita mbali nayo kama mtu anayempita mbwa asiyemjua. Siku ile aliikubali kwa sababu hakuwa na njia nyingine.

Fungu la kwanza nililipika mimi, nje, nyuma ya nyumba, chini ya paa la bati, juu ya mafiga matatu. Likaenda vizuri. Mama alitoboa kipande kwa kijiti, kijiti kikaingia chenyewe. Akachukua kipande cha pili. Wakati sufuria inafoka alikuwa amesimama mbali akinusa hewa, akaniuliza, "Hii harufu yote inayokwenda kwa majirani, si ladha yetu hiyo?"

Lilikuwa swali zuri. Lilikuwa swali la mtu aliyepika miaka arobaini na kuona kitu ambacho mimi sikuwa nimekiona. Nami nilikuwa na haraka.

"Mama, hiyo ni fizikia. Wewe fuata tu."

Msomi mzima, niliyewasumbua walimu wangu wote kwa maswali ya kwa nini, nilimwambia hivyo mama wa watu. Afuate tu.

Nikakaanga fungu la pili, nikatia maji, na kabla sijafunga wakaniita mbele: mabenchi ya kanisani yamefika na hayana wa kuyashusha. Nikamwambia Mama afunge mfuniko kama alivyoona nikifunga, aweke kizito, filimbi ikilia ahesabu dakika arobaini, asiguse kitu. Nikaenda.

Nilishusha mabenchi. Nikayapanga. Odeta akaniita nimsaidie kufunga turubai. Wageni wa kwanza wakaanza kuingia, akinamama wakiimba barabarani, na Sogokuru akaketishwa kwenye kiti chenye mto. Katikati ya zile nyimbo nikahisi kuna kitu kimepungua, kama mtu anayegundua saa ya ukutani imesimama. Sikuwa nimesikia filimbi.

Nikazunguka nyumba nikijiambia labda imelia wakati wanaimba.

Mama Skola alikuwa amepiga magoti kando ya mafiga, anapepea moto kwa mfuniko wa ndoo. Kuni zilikuwa zimeongezwa. Ndimi za moto zilipanda ubavuni mwa sufuria mpaka kwenye vishikio. Kizito kimekaa juu ya mfuniko, hakitikisiki. Hakuna mvuke. Na pale ukingoni, kati ya mfuniko na sufuria, ule mpira mweusi wa kuzibia mfuniko ulikuwa umeanza kuchungulia nje kama ulimi.

"Moto wako mvivu," alisema bila kugeuka. "Haijalia mpaka sasa. Nimeongeza kuni mara mbili."

Alikuwa akifanya nilichomwambia. Anasubiri filimbi.

"Mama, weka hicho chini uje hapa."

"Haijalia."

"Najua. Njoo taratibu."

"Wageni wamekaa, nyama mbichi, unaniita nije kufanya nini?"

"Mama Skola. Toka hapo."

Akageuka. Uso wake ulikuwa kiasi cha mkono mmoja kutoka kwenye mfuniko. "Unanifukuza jikoni kwangu siku ya mwanangu?"

"Ego," nikamwambia kwa lugha yake. Ndiyo. "Nakufukuza."

Sijui alisikia nini katika sauti yangu. Alisimama, goti moja kisha la pili, polepole kama anavyosimama kila siku, na mimi nikaona kila sehemu ya sekunde. Alipofika kwangu nilimshika mkono nikamweka nyuma ya ukuta wa matofali. Odeta akatokea mlangoni na gauni lake la kitenge, anauliza chumvi. Mama akamwambia arudi ndani na awaweke watu wote upande wa mbele. Hakuniuliza kwa nini.

Nikamuuliza kwa kunong'ona, kama vile sufuria ingesikia, "Mama, umeweka nini ndani?"

"Nyama yako."

"Na nini kingine?"

Akanitazama. "Jani. Ladha ilikuwa inatoka. Nimeziba nalo vizuri."

Hapo nikaiona yote. Jani lililolegezwa motoni, laini kama ngozi, limechomekwa pande zote. Maji yakachemka, mvuke ukalinyanyua, ukalibandika kwenye mfuniko, juu ya lile tundu moja lililokuwa linapumua. La pili lilikuwa na bolti. Bolti yangu.

Nisikilizeni hapa, kwa sababu siku moja mnaweza kuwa peke yenu. Sufuria ikinyamaza hivyo, usiguse mfuniko. Usiguse kizito. Usiinyanyue, maana mtikisiko mdogo unatosha. Usiitoe sufuria kwenye moto; toa moto kwenye sufuria.

Nilichukua jembe. Nikajikinga kwa bati lililokuwa limeegemezwa kwenye banda la kuku, nikalishika kwa mkono wa kushoto mbele ya kifua na uso, nikanyoosha jembe kwa mkono wa kulia na kuvuta ukuni wa kwanza. Ukatoka. Wa pili ulikwama chini ya jiwe la figa, na nilipouvuta jiwe likasogea. Sufuria ikainama kidogo. Kidogo sana, lakini mchuzi ukasikika ukisogea ndani. Nikasimama nikiwa nimeshika mpini, jasho likinichoma macho, na mbele ya nyumba wakwe wakaanza wimbo mwingine.

"Sukuma kwanza, halafu vuta," Mama akasema nyuma ya ukuta. "Umezaliwa wapi wewe usiyejua kutoa ukuni."

Nikasukuma kwanza. Ukalegea. Nikavuta. Kisha makaa, kidogo kidogo, mpaka chini ya sufuria pakabaki majivu.

Mama alikuwa ameshachovya gunia la mkaa kwenye pipa la maji. Nilitaka kulichukua, akaninyima. "Nimerusha nyavu za kufunikia mbegu tangu hujazaliwa." Nikamshika kiuno asivuke ukuta, naye akalirusha. Likatua juu ya mfuniko, likamwaga maji ubavuni, sufuria ikalia *shhh* ndefu iliyonifanya nifumbe macho. Nilipofumbua, sufuria ilikuwa ipo palepale, imevaa gunia.

Halafu kusubiri. Hilo ndilo lililokuwa gumu kuliko jembe. Kwa kawaida unajua mvuke umeisha kwa kunyanyua kizito: kisipofoka, fungua. Lakini hapa tundu limezibwa. Kizito kingenyamaza mvuke ukiwepo na kingenyamaza usipokuwepo. Chombo changu cha kujulia kilikuwa kimekufa, na saa ilikuwa saa saba na robo.

Odeta akachungulia. "Mama, mshenga wao anauliza kama tumeghairi. Sogokuru anatazama mlango."

"Mwambie kinapumua," Mama akasema. "Mpeni fungu la kwanza."

"Fungu la kwanza mimi nimeshawapelekea wa kanisani walioleta mabenchi. Nilidhani—"

"Basi mwambie kinapumua."

Mimi nikawaza kwa sauti. Presha inatoka kwenye joto. Maji yakiwa chini ya kiwango cha kuchemka, hakuna kinachosukuma. Ubavu wa sufuria ni alumini, unasema ukweli wa ndani. Tukarusha gunia jingine, na jingine. Kisha nikaenda, na bati langu, nikagusa ubavu kwa ncha ya kidole. Nikautoa. Nikarudi. Tukarusha maji. Mara ya nne niliweza kubandika kiganja kizima na kuhesabu hadi ishirini bila kukitoa. Maji ya kukuunguza hayakuruhusu kuhesabu ishirini. Sasa mnajua kwa nini huwa nawafanya mhesabu, hata kizito kikiwa kimenyamaza chenyewe.

Mama Skola alisema, "Nifungue mimi."

"Oya," nikasema. Hapana. Nikafungua, uso umegeuzwa.

Haukutoka hata mluzi. Nilipogeuza mfuniko, jani lilikuwa limeganda ndani yake kama limepakwa gundi, na katikati, pale kwenye tundu, mvuke ulikuwa umelisukuma mpaka likaingia na kufanya kichuguu kidogo kama chuchu ya chupa ya mtoto. Halikuwa limetoboka. Jani la mgomba ni imara, aliniambia mara nyingi.

Nyama ilikuwa imelainika kupita fungu la kwanza. Hatukuwa na muda wa kuchemsha mchuzi wazi. Mama aliponda viazi viwili badala ya kimoja, akamimina, akarekebisha kitambaa kichwani, akabeba sahani ya Sogokuru mwenyewe kwa mikono miwili. Nilisimama mlangoni. Mzee alitia kipande mdomoni. Watu wote walitazama taya lake. Halikusogea. Aliibana nyama kwa ulimi na kaakaa, akameza, akasema, "Huyu ng'ombe alikuwa amekata tamaa." Watu wakacheka, wakanawa mikono, wakala. Wakwe hawakujua kitu, na mpaka leo hawajui, labda Odeta awasomee barua hii.

Jioni, vyombo vikisuguliwa, Mama Skola alikuja akakaa karibu nami juu ya ndoo iliyopinduliwa. Nilikuwa nimeandaa maneno ya kumwomba radhi kwa ajili ya bolti. Nikayasema yote. Akayasikiliza, akasema bolti tutaitoa kesho, kisha akaniuliza:

"Sasa nieleze. Mvuke ukitoka, ladha haitoki?"

Nikafungua mdomo kumpa jibu la darasani, nikaufunga. Nikafikiri. Kile tunachokinusa kwa jirani ni kitu kilichokuwa ndani ya nyama. Kama kiko puani mwa jirani, hakimo sufuriani mwetu tena.

"Inatoka, Mama. Kiasi fulani inatoka."

"Mimi nilisema."

"Ulisema."

"Basi tufanyeje, jani limekataa?"

Tulikaa pale mpaka vyombo vikakauka. Nilimchorea matundu mawili ardhini kwa kijiti. Yeye ndiye aliyesema kwamba kama kelele nyingi ni ladha nyingi inayokimbia, basi moto upunguzwe mara tu filimbi ikianza, ibaki kunong'ona tu, isipige kelele. Tukajaribu Jumatatu, bolti imetoka na kizibo halisi kimewekwa. Mchuzi ulikuwa na kina ambacho sikuwahi kukipata. Hiyo ndiyo njia mnayofundishwa leo, na mnaambiwa ni ya Mwalimu. Ni ya Mama Skola.

Lile jani nililibandua, nikalikausha ndani ya daftari. Liko kwenye bahasha moja na cheti changu.

Juzi nilikuwa natoka kwenda kukata tiketi ya Kibondo, begi begani, nimechelewa. Mmoja wenu, sitamtaja, aliinua kichwa kutoka kwenye vitunguu akaniuliza kwa nini tuweke kiganja ubavuni wakati kizito kimeshanyamaza. Mama Skola alikuwa kaunta. Aliacha tu kufuta meza, akanitazama.

Nikaliweka begi chini.